Neno "gowk" la Kiskoti: ni ndege au ni mjinga? Na asili yake ni wapi?

Zuhura_K

Wakuu habari za muda huu. Nina swali la lugha limenikaa kichwani, naomba wajuzi mnisaidie.

Niko Uskoti, kaskazini mashariki huku upande wa Aberdeen, nafanya kazi ya kuhudumia wazee majumbani. Kuna bibi mmoja ni mtu wa mashambani tangu kuzaliwa, Kiingereza cha redioni anakijua vizuri tu ila akiwa kwake anaongea ile lahaja yao ya Doric, yaani "what" kwake ni "fit", "where" ni "far", nimeipenda kweli na kila siku naokota neno jipya. Sasa mwisho wa Aprili theluji ikadondoka ghafla wakati watu walishaanza hadi kupanda maua, bibi akachungulia dirishani akasema hiyo ni "gowk storm" tu, haikai. Na kweli haikukaa. Siku hiyohiyo akaja mwanawe wa kiume, mtu mzima na mvi zake, kavaa ndala kwenye theluji vidole vimeiva vyekundu, bibi akamtazama miguu wee halafu akamwambia "ye daft gowk" huku anamrushia taulo. Jamaa akacheka, akavuta kiti karibu na hita basi yakaisha.

Nikawauliza wenzangu kazini, mmoja kasema gowk ni mjinga na neno ni la Kigaeli, mwingine kasema ni Kiingereza "gawk" kimeharibika matamshi. Sasa naomba kujua maana yake hasa ni nini, ni tusi au la, na dhoruba ya theluji inahusiana nini na mjinga? Natanguliza shukrani.

Kalamu Nyeusi

Dada Zuhura, gowk kwanza kabisa ni ndege. Ni kekeo, yule ndege anayetaga mayai kwenye viota vya wenzake halafu anaondoka zake. Maana ya mjinga ni ya pili ingawa siku hizi ndiyo utakayoisikia zaidi mitaani, maana watu wengi mjini hata hawajawahi kumsikia huyo ndege. Linatamkwa "gauk", hiyo au ni ileile ya kwenye "kauka".

Ukishajua ni ndege ile dhoruba inajieleza yenyewe. Kekeo wanarudi Uskoti kuanzia katikati ya Aprili kwenda mwisho, na ndio wakati huohuo baridi huwa inarudi mara moja ya mwisho kwa kishindo, theluji au mvua ya barafu siku mbili tatu, wakulima wakaiita dhoruba ya kekeo. Halafu kwa sababu haidumu watu wakaanza kuitumia hata kwa dhoruba yoyote ya kupita. Kwa hiyo bibi alikuwa sahihi pande zote mbili, majira na kutokukaa kwake.

Kuhusu tusi, hapana, ni la kawaida sana, mtu anamwambia mwanawe au rafiki yake. "Daft" ni kichaa-kichaa au mpumbavu kidogo, ukiweka na gowk inakuwa "we mjinga we" ya mapenzi. Ila sauti ndiyo inaamua, mtu akikusemea kwa hasira barabarani hilo ni jambo lingine.

Jongoo Mbio

Ndege sawa, ila mimi asili nakubaliana na huyo mwenzako wa kazini. Gawk na gowk ni herufi moja tu imebadilika, na gawk Kiingereza ni kukodoa macho kama mtu asiyeelewa kitu, si ndio mjinga huyohuyo? Maneno mengi ya Kiskoti ni Kiingereza kilichotamkwa kivyao, tusitafute mbali.

Mwanaisimu

Mkuu Jongoo hapo nakupinga na sababu ninazo, tuliza moyo usome maana itakuwa ndefu kidogo, hili neno nalipenda.

Cha kwanza ni umri. Kuna kitabu cha Kiskoti cha 1549 kinaitwa The Complaynt of Scotland, ndani yake kuna sehemu maarufu mwandishi anaorodhesha sauti za ndege na wanyama mmoja baada ya mwingine, na kuna mstari unasema "the titlene follouit the goilk ande gart hyr sing guk guk", yaani kile kindege titlin kilimfuata gowk kikamfanya aimbe guk guk. Hiyo goilk ndiyo gowk yetu, zamani waliandika golk na goilk ile l haitamkwi, kama walivyoandika nolt na kusema nowt. Sasa gawk ya Kiingereza inaanza kuonekana kwenye maandishi karne ya 18. Mtoto hawezi kumzaa baba yake.

Kigaeli nacho tukitoe. Kigaeli ni lugha ya Kikelti, familia nyingine kabisa na Kiskoti, na kekeo kwa Kigaeli ni cuthag. Watu wanachanganya sana hizi mbili kwa sababu zote ni za Uskoti, lakini Kiskoti ni ndugu wa Kiingereza, vyote vimetoka kwenye Kiingereza cha kale, Kiskoti kikitokea tawi la kaskazini.

Asili yenyewe ni Kinorsi cha kale, lugha ya Wavikingi. Kekeo kwao alikuwa gaukr. Nenda leo Aisilandi ni gaukur, Norwei gauk au gjøk, Uswidi gök, Denmark gøg. Kiingereza cha kale nacho kilikuwa na neno lake la ukoo huohuo, gēac, lakini angalia hiyo g ya mwanzo, kwenye Kiingereza cha kale mbele ya e ililainika ikatamkwa kama y. Kwa hiyo kama gowk ingetoka huko leo tungesikia kitu kinachoanza na y, na hatusikii. G ngumu ndiyo muhuri wa Wavikingi. Kiingereza chenyewe baadaye kikaliacha neno lake la asili kikachukua "cuckoo" kwa Wafaransa, yaani Waskoti ndio waliobaki na jina la zamani.

Na halikuja peke yake, hapa ndipo panaponifurahisha mimi. Ile au ya Kinorsi kwenye Kiskoti inageuka ow, na ukishaijua hiyo kanuni unaanza kuyaona maneno kila mahali. Hlaupa kuruka ikawa lowp. Naut ng'ombe ikawa nowt. Lauss kitu kilicholegea ikawa lowse. Gaupn ikawa gowpen, ambayo ni kile kiasi kinachojaa viganja viwili ukiviunganisha kukinga unga au nafaka, muulize bibi yako wa Aberdeen naamini analijua. Gaukr, gowk, foleni ileile. Neno la kuharibika matamshi tu haliwezi kujipanga namna hiyo.

Swali la Wavikingi walifikaje kwenye Kiskoti: wengine wanadhani ni Orkney na Shetland, visiwa ambavyo viliingia mikononi mwa mfalme wa Uskoti 1468 na 1469 kama rehani ya mahari ya Margaret wa Denmark. Huko kweli Kinorsi kiliishi muda mrefu, ila sehemu kubwa ya Kinorsi kilichomo kwenye Kiskoti cha bara kilipita mlango mwingine, kaskazini ya Uingereza, ambako Wadenmaki walishaishi na kuchanganyika. Mfalme David wa kwanza, 1124 hadi 1153, alipoanzisha miji ya biashara watu wa kule wakahamia kwa wingi na Kiingereza chao kilichojaa Kinorsi. Ndio maana hata leo gowk unaisikia Northumberland na Yorkshire, sio Uskoti peke yake.

Zuhura_K

Mwanaisimu ubarikiwe sana, hiyo ya lowp na nowt nimeisoma mara mbili, na nowt bibi analisema kabisa mimi nilidhani anasema "hakuna kitu". Sasa mnieleze, kwa nini kekeo awe mjinga? Kwa tabia zake mimi naona ni mjanja kupita kiasi.

Mwanaisimu

Dada hapo kwenye "nowt" kuwa makini, yapo mawili, moja ni ng'ombe na lingine ni hakuna kitu, la pili liko zaidi kaskazini ya Uingereza. Kama anazungumzia shamba la zamani ni ng'ombe.

Kuhusu mjinga nitasema jambo moja tu, Wajerumani nao wana Gauch, neno la ukoo huohuo, na kwao pia limebeba kekeo na mpumbavu. Kwa hiyo wazo hilo limezunguka Ulaya ya kaskazini muda mrefu, Waskoti hawakulianzisha wao peke yao.

Mtazama Ndege

Mimi sio mtu wa lugha ila ndege ndio maisha yangu, acha nichangie.

Naona ujinga aliopewa ni kwa sababu ya wimbo. Dume anapanda juu ya mti mkavu au nguzo ya uzio, anashusha mabawa, anainua mkia, anaanza ku-ku, ku-ku, ku-ku, hayohayo asubuhi nzima. Mtu anayerudia neno moja kutwa unamwitaje? Mimi naona sababu ni hiyo, na hata yule wa 1549 kamwandikia guk guk tu wakati ndege wengine kawapa vituko vingi.

Lakini dada Zuhura uko sahihi, mjinga halisi kwenye hii hadithi ni titlin. Kwenye nyika za vilima vya Uskoti huyo ndiye anayetagiwa zaidi, kindege cha kahawia chenye michirizi, gramu 20 hivi, kinajenga chini kwenye nyasi. Jike la kekeo linavizia, mwenye nyumba akitoka tu linashuka, linachukua yai moja la mwenyeji na kutaga lake, sekunde chache limeondoka. Kinda la kekeo likianguliwa, bado kipofu na uchi bila unyoya hata mmoja, linajisogeza chini ya yai la mwenzake, linalipandisha kwenye kibonde kilichopo mgongoni mwake, linarudi kinyumenyume hadi ukingoni mwa kiota na kulisukumia nje. Halafu linafanya hivyo kwa la pili, na la tatu. Wiki mbili baadaye utamkuta titlin kasimama mgongoni kwa hilo kinda lililomzidi mara kadhaa, anainamia mdomo wake kulilisha, kichwa chote kinazama. Ukishaliona hilo hulisahau.

Ndio Waskoti wana msemo wa "the gowk and the titlin" kwa watu wawili wasiolingana wanaoonekana pamoja kila saa, maana mara nyingi unamwona kekeo anapita na kindege kimoja kinamfuata nyuma. Watu wa zamani walidhani ni urafiki. Mara nyingi ni kwamba kinamfukuza.

Na kitu kingine wengi wetu hatujui, huyu gowk wa Uskoti ni wa kwetu Afrika kwa sehemu kubwa ya mwaka. Tangu 2011 shirika la British Trust for Ornithology linawafunga kekeo vifaa vidogo vya setilaiti, na wengi wakaonekana wanapitisha baridi kwenye misitu ya bonde la Kongo. Wakubwa wanaondoka Uskoti mwezi wa sita na wa saba, makinda yanabaki yanalishwa na titlin, halafu nayo yanafunga safari peke yake bila mzazi wa kuyaonyesha njia na yanafika. Kekeo kwa Uingereza yote wamewekwa kwenye orodha nyekundu ya ndege walio hatarini tangu 2009, ila Uskoti hali ni nzuri kuliko kusini, bado unaweza kumsikia kirahisi ukipanda vilimani mwezi wa tano.

Mama Wawili

Jamani hamjagusa siku ya wajinga! Mimi nilikaa Lanarkshire miaka mingi, na majirani zangu wazee tarehe 1 Aprili hawasemi "April Fool", wanasema Huntigowk, yaani kuwinda gowk. Zamani mchezo ulikuwa hivi, unamtuma mtu apeleke barua imefungwa kwa jirani, unamwambia ni ya haraka sana. Jirani anafungua anakuta imeandikwa "Dinna laugh, dinna smile, hunt the gowk another mile", usicheke wala usitabasamu, mpeleke huyu gowk maili nyingine. Basi jirani anakaza uso, anasema aisee hiki kitu mimi sina, peleka barua kwa fulani kule ng'ambo ya kilima, na yule naye anafanya vilevile, mtoto wa watu anazunguka asubuhi nzima hadi mtu mmoja amwonee huruma. Mwisho saa sita mchana, ukimchezea mtu baada ya hapo gowk ni wewe. Na kesho yake, tarehe 2, ilikuwa siku ya mikia, watoto wanabandikana mikia ya karatasi mgongoni, wanaita Tailie Day au Preen-tail Day. Kazi ya kumtuma mtu bure wanaiita "gowk's errand" hadi leo.

Pia pale Wishaw kuna mtaa unaitwa Gowkthrapple, thrapple ni koo, yaani koo la kekeo. Kila nikipita na basi naona kibao nafurahi.

Kalamu Nyeusi

Mama Wawili umenikumbusha majina ya mahali, ongeza Penicuik kusini ya Edinburgh, hilo halina gowk ndani yake ila maana yake ni kilima cha kekeo kwa lugha ya Kibritoni iliyozungumzwa huko kabla ya Kiskoti na kabla ya Kigaeli. Ndege mmoja kaacha jina lake kwa lugha mbili ndani ya nchi moja.

Na kwa anayetaka kuona gowk kama tusi la nguvu kidogo, asome shairi la Robert Burns la madaraja mawili ya Ayr, aliliandika 1786 wakati daraja jipya linajengwa. Daraja kuukuu na daraja jipya wanagombana usiku, la zamani linaliambia jipya "Conceited gowk! puff'd up wi' windy pride!", we mpumbavu unayejiona, umevimba kwa kiburi cha upepo, halafu linaapa kwamba lenyewe litakuwa bado ni daraja wakati wewe umeshakuwa rundo la mawe. Sasa sikilizeni, mafuriko ya 1877 yakaliharibu lile jipya ikabidi lijengwe upya, la zamani liko mpaka leo na watu wanapita juu yake kwa miguu. Nilipolijua hilo nilienda kusoma shairi lote upya.

Jongoo Mbio

Hoja ya 1549 nzito, sina cha kuipinga. Ila swali linabaki, sasa hii Kiskoti ni lugha au ni lahaja? Maana Zuhura kaita lahaja, Mwanaisimu anaita lugha.

Mwanaisimu

Vyote viko sawa mkuu, inategemea unasimama wapi. Doric ni lahaja ya Kiskoti. Kiskoti chenyewe kina lahaja zake, cha Shetland, cha Glasgow, cha mipakani na kadhalika, kina mashairi na sheria zilizoandikwa kwa karne nyingi, na kina makamusi ambayo lugha nyingi zingetamani. Scottish National Dictionary peke yake ni juzuu 10, ilianza kuchapwa 1931 ikamalizika 1976, siku hizi yote iko mtandaoni bure, ukiandika gowk unapata mifano kijiji kwa kijiji, mpaka majina ya mimea kama gowk's meat, na povu lile la wadudu kwenye majani wanaliita gowk's spittle, mate ya kekeo. Kwenye sensa watu wapatao milioni 1.5 walisema wanaweza kukizungumza, na 2025 bunge la Uskoti likapitisha sheria ya kukipa hadhi rasmi pamoja na Kigaeli. Kinachokisumbua ni kwamba kiko karibu sana na Kiingereza, kwa hiyo kwa vizazi vingi mtoto akikitumia darasani aliambiwa anaongea vibaya. Wazee wengi wana hilo jeraha. Ndio maana bibi ana lugha ya redioni na lugha ya nyumbani.

Zuhura_K

Hiyo ya darasani bibi ameshanisimulia, walikuwa wanachapwa kwa mkanda. Sasa anafurahi sana nikimuuliza maneno yake, ananirudishia polepole mpaka niyaseme sawasawa.

Swali la mwisho, mimi nikimwambia yeye gowk kwa utani inafaa?

Mama Wawili

Hapana mdogo wangu, kwa mtu mzima aliyekuzidi umri hivyo usijaribu, mwachie yeye awaambie wanawe. Wewe mwulize kama anaujua ule wimbo wa watoto wa "Gang and hear the gowk yell, sit and see the swallow flee". Maana yake ukimsikia kekeo wa kwanza wa mwaka uwe unatembea, mbayuwayu wa kwanza umwone ukiwa umekaa, mwaka wako utakuwa wa neema. Wazee wa mashambani wengi wanaujua, na akianza kuuimba mwache amalize, kuna mstari wa mwanafarasi mbele.

Mtazama Ndege

Na kama anaweza kutoka, mpeleke na gari nje kidogo ya mji mwezi wa tano asubuhi, mahali pana nyika na miti michache, zimeni injini mfungue kioo. Hamtahitaji hata kushuka.

Zuhura_K

Nimeuliza leo. Anaujua wote, mstari wa mwanafarasi pia! Na gowpen analijua, kanionyesha kwa mikono. Jumamosi mwanawe anakuja na gari tunatoka. Ila sasa kaniongezea kazi, anasema huku kwao mtu kama huyo wa ndala huitwa zaidi "gype" kuliko gowk. Hilo nalo ni nini?

Kalamu Nyeusi

Gype ni la hukohuko kaskazini mashariki, mjinga vilevile, g ni ngumu kama ya "gari" na mwisho usome "gaip". Hilo halina ndege ndani yake. Lifungulie uzi wake dada, Mwanaisimu atalala hapa.